Bei Aliyoitaja Mama Pacifique

Maharage ya mwaka ule yalikuwa mazuri. Hata Dieudonne, jirani ambaye husifu kitu mara moja kwa mwaka, aliyasifu.

Vénérande alikuwa uani kwake Katumba, kwenye makazi ya wakimbizi, akiyachambua pamoja na mumewe, Melkiadi. Majirani walimwita Mama Pacifique, kwa jina la mtoto wao wa kwanza. Ungo ulikuwa mmoja, mikono minne. Melkiadi alikuwa na mtoto wa jicho, macho yote mawili. Kwa miaka mitatu hakuona ila ukungu. Lakini vidole vyake vilijua kazi.

"Hili limebunguliwa," alisema, akatupa punje moja pembeni.

Vénérande aliiokota na kuitazama. Kweli, ilikuwa na tundu.

Wiki iliyopita waliuza madebe manne kwa mchuuzi wa baiskeli, shilingi elfu tatu kila debe. Hela hiyo ilikwenda kwenye madeni ya shamba. Yalibaki madebe kumi na mawili, nayo yalikuwa na kazi moja tu. Mwezi wa tisa daktari wa macho angefika hospitali ya Mpanda mjini. Huja mara moja kwa mwaka. Kanisani walitangaza gharama yake: upasuaji, kitanda na chakula, shilingi elfu thelathini na sita.

"Kumi na mawili mara elfu tatu," alisema Melkiadi. "Zinatosha kabisa."

"Zinatosha zikipatikana," Vénérande akajibu. Huyo ndiye Vénérande. Hata jua likichomoza yeye huuliza kwanza limetumwa na nani.

Hapo ndipo baiskeli ikaingia uani. Kijana mwembamba alishuka, akasalimia kwa heshima.

"Shikamoo mama. Shikamoo mzee."

"Marahaba," wakajibu wote wawili.

"Naitwa Nashon Manyanda. Kwetu ni Kasansa, ila nafanya kazi mjini, kwenye mradi wa bei za mazao. Naomba kuuliza. Mkiuza debe la maharage wiki hizi, mnapata shilingi ngapi?"

Alitoa karatasi na kalamu. Vénérande hakumtazama usoni. Aliitazama karatasi.

Mwaka wa sabini na mbili, kule Burundi, alikuwa msichana. Watu walikuja kwao na karatasi, wakasoma majina. Baba yake aliitwa. Alivaa koti, akasema anarudi sasa hivi. Hakurudi. Tangu siku hiyo Vénérande hakumwamini mtu anayekuja nyumbani kwake akiandika. Na hapa hapa Katumba, mwaka juzi, mtu mwingine alipita akihesabu magunia. Baada yake ushuru ulipanda.

"Elfu moja na mia nane," alisema.

Melkiadi aliinua kichwa. Vénérande akamgusa kwa goti, naye akainamisha kichwa tena.

Nashon aliandika. "Ni bei mliyouza kweli?"

"Unataka nikuapie?"

"Hapana mama. Asante."

Kijana alikwenda kwa Dieudonne. Lakini Dieudonne alikuwa amesikia yote akiwa nyuma ya ua wa matete. Naye akasema elfu moja na mia nane. Akamtuma mkewe kwa jirani wa tatu. Mpaka saa sita mchana mtaa mzima ulikuwa na bei moja, na ilikuwa ya uongo.

Ijumaa yake karatasi ilibandikwa kwenye ubao nje ya ghala la chama cha ushirika. Iliandikwa: Maharage, Katumba, debe shilingi 1,800. Dieudonne aliisoma mara mbili kwa furaha.

"Tumewaweza," alisema. "Ushuru hautapanda kwa bei hii."

Vénérande alicheka. Ni jambo lisilotokea mara nyingi, na mwaka ule lingemgharimu.

Baada ya wiki moja, Kasimu alishuka kwenye treni kutoka Tabora. Kasimu alikuwa mnunuzi wa mazao mwenye ulimi wa asali. Aliwauliza watu habari za watoto wao, akiwataja kwa majina. Kisha akaenda kwenye ubao, akasoma, akarudi anatabasamu.

"Bei ya hapa ni elfu moja na mia nane," alisema. "Mimi ni mtu wenu. Natoa elfu mbili."

"Bei ni elfu tatu," alisema Vénérande.

"Nani kasema, mama yangu? Ubao unasema vingine. Sikuuandika mimi."

Vénérande aliutazama ubao. Angesema nini? Kwamba walidanganya? Wengine walikuwa na shida ya hela, wakauza. Yeye alikataa, akarudi nyumbani bila kuuza. Njiani alihesabu. Kumi na mawili mara elfu mbili ni elfu ishirini na nne.

"Labda watanifungua jicho moja," alisema Melkiadi. "La pili litakuwa la akiba."

Alisema kwa utani. Vénérande hakucheka. Aliingia ndani akalia kimya kimya, na alipotoka alikuwa ameshapata wa kumlaumu.

"Wamekula njama," alisema. "Yule kijana anaandika, huyu Kasimu anakuja kusoma. Halafu wanagawana."

"Aliandika ulichomwambia, Mama Pacifique."

"Acha hayo. Mimi naijua karatasi."

Hospitali ilitaka wagonjwa wa macho waandikishwe mapema. Basi Vénérande aliomba kibali cha kutoka makazini, kwa maana mkimbizi hakuruhusiwa kwenda mjini bila kibali. Alimwandikisha mumewe, akamwacha kwenye benchi la hospitali. Kisha akaulizia ofisi ya mradi, akaenda kwa hatua za mtu anayekwenda kushitaki.

Nje ya ofisi jenereta ilikuwa inanguruma. Ndani Nashon alikaa mbele ya kitu kama televisheni ndogo, chenye maandishi ya kijani. Vénérande hakusubiri kiti.

"Wewe na Kasimu mnagawana ngapi?"

Nashon alishangaa. "Kasimu yupi, mama?"

"Usijitie hujui. Uliandika elfu moja na mia nane, naye akaja kununua kwa bei hiyo. Nina mgonjwa wa macho. Umemla macho mume wangu."

Kijana alivuta kiti, akakipangusa kwa mkono.

"Kaa kwanza mama. Hizi hapa karatasi za Katumba. Unajua kusoma?"

"Nilisoma kisomo cha watu wazima."

"Basi soma."

Vénérande alisoma taratibu, kidole chini ya kila neno. Mahali. Zao. Kipimo. Bei. Tarehe. Aligeuza nyuma. Hapakuwa na kitu. Akachukua ya pili, na ya tatu. Alisoma zote kumi na moja, na Nashon hakumharakisha.

"Majina yetu yako wapi?" aliuliza mwishowe.

"Hatuandiki majina. Hatuna haja nayo. Tunataka bei tu."

"Na ushuru?"

"Ushuru wanapanga halmashauri. Karatasi hizi haziendi huko. Lakini mama, sikudanganyi kwamba bei ni siri. Inabandikwa ubaoni, anayetaka anasoma. Ndiyo maana hata Kasimu alisoma."

Jibu hilo lilimgusa. Mtu mwongo angesema kila kitu ni siri. Vénérande akakaa.

Nashon alimwonyesha ile mashine. "Hii ni kompyuta. Kila Jumanne nazunguka vijijini nauliza bei. Jumatano naingiza humu. Inajumlisha, inagawanya, inatoa bei ya kati ya kila mahali. Bei za Tabora tunaletewa kwa redio ya mawasiliano. Tazama wiki ile."

Vénérande alisoma kwenye kioo. Ugalla, elfu mbili na mia tisa. Kasansa, elfu mbili na mia nane. Katumba, elfu moja na mia nane. Aliutambua uongo wake mara moja. Ulikuwa umepigwa chapa vizuri kuliko ukweli wa wenzake.

"Kwani hii mashine haikujua kwamba si kweli?"

"Mashine haijui lolote, mama. Haijawahi kulima hata tuta moja. Ukiipa uongo, inakurudishia uongo ule ule."

"Na wewe? Wewe una macho."

Nashon alijikuna shingo. "Niliona. Nilijiuliza kwa nini Katumba iwe chini hivi. Nilipaswa kurudi kuuliza tena. Sikurudi. Hilo ni kosa langu."

Kwa mara ya kwanza Vénérande alimtazama usoni. Hakuwa amezoea kusikia mtu mwenye kalamu akikiri kosa.

"Tuliuza elfu tatu," alisema kwa sauti ndogo. "Mimi ndiye niliyeanza ule uongo. Niliogopa."

"Sasa tazama bei ya Tabora," alisema Nashon.

Ilikuwa elfu nne na mia tano. Vénérande akashika kidevu.

"Si kwamba zote ni faida," Nashon akaeleza. "Toa treni, toa gunia, toa ushuru na wapakiaji. Kila debe linakula kama mia saba. Inabaki elfu tatu na mia nane. Hapo ndipo mnapopatana bei, mnunuzi apate na nyie mpate."

"Kumbe akinipa elfu mbili..." Vénérande alihesabu, akaacha. "Mwizi yule."

"Si mwizi. Anajua bei mbili, nyie mnajua moja. Na hiyo moja mliisema uongo."

Vénérande alirudi Katumba na mume wake, na aibu yake. Jioni ile ile aliwaita majirani akawaeleza. Dieudonne alimkata jicho.

"Wamekupa nini huko mjini, Mama Pacifique?"

"Maji ya kunywa. Na yalikuwa ya moto."

"Jana ulisema wanakula njama. Leo unawatetea. Mtu habadiliki hivi bure."

"Dieudonne, unajua baba yangu alivyokwenda," alisema Vénérande. "Unadhani mimi naweza kuipenda karatasi? Nimezisoma zote, mbele na nyuma. Sitaki uamini mdomo wangu. Jumanne kijana akija, zisome mwenyewe. Ukikuta jina la mtu, mfukuze, na mimi nitakusaidia kumfukuza."

Jumanne Dieudonne alisoma. Alisoma mpaka Nashon akakaa chini. Alitazama hata chini ya kiti cha baiskeli. Hakukuta jina.

"Haya," alisema. "Andika. Wiki hii nimeuza madebe mawili kwa mchuuzi, elfu tatu kila moja."

Mwingine akasema elfu tatu na mia moja. Wa tatu alijaribu kusema elfu tano, akidhani bei itapanda. Vénérande akamkatiza.

"Sema uliyouza, siyo uliyoota. Tukipandisha kwa uongo, wanunuzi watakwenda Ugalla, tutabaki na bungua wetu."

Watu wakacheka, na yule bwana akasema kweli: elfu mbili na mia tisa. Ijumaa ubao ulisema Katumba ni elfu tatu. Chini yake iliandikwa bei ya Tabora. Nashon alikuwa ameongeza mstari huo baada ya Vénérande kumwomba.

Kasimu aliporudi, hakukuta mtu mmoja mmoja na debe lake. Alikuta familia kumi na moja ghalani, maharage yamepimwa, yamekaa pamoja. Alisoma ubao. Safari hii hakutabasamu haraka.

"Elfu mbili na mia tano," alisema.

"Tabora ni elfu nne na mia tano," alisema Vénérande. "Usafiri wako na gharama zako ni mia saba. Tunataka elfu tatu na mia tano."

"Nani kawaambia mambo ya Tabora?"

"Ubao. Hatukuuandika sisi."

Walivutana mpaka filimbi ya treni iliposikika kwa mbali. Kasimu hakutaka kurudi na magunia matupu. Wakakubaliana elfu tatu na mia nne. Vénérande alihesabu hela yake mara tatu mbele ya Kasimu, noti moja moja, akizishika juani. Kuamini bei ni jambo moja. Kuamini noti ni jambo lingine.

Mwezi wa tisa Melkiadi alipasuliwa macho. Siku ya kufunguliwa bandeji, Vénérande alisimama karibu na mlango wa wodi. Aliogopa kusogea. Muuguzi alifungua taratibu. Melkiadi alipepesa macho, machozi yakamtoka. Alitazama mikono yake. Alitazama blanketi. Kisha akatazama shati lake.

"Nani alisema shati hili ni jeupe?"

"Lilikuwa jeupe," alisema Vénérande.

"Mwaka gani? Nimeenda nalo kanisani miaka mitatu, nikijiona bwana harusi."

Wagonjwa wenzake walicheka. Vénérande naye akacheka, akasogea kitandani akiwa anajipangusa macho. Melkiadi alimtazama usoni, kisha mabegani, kisha mikononi. Kicheko kikamwisha.

"Umekonda," alisema. "Kila nilipokuuliza kama umekula, ulisema umeshiba."

Vénérande alitaka kusema kwamba alishiba kweli. Maneno yalishafika mdomoni. Akayaacha.

"Sikuwa nashiba," alisema. "Nilikuwa nakuachia wewe."

Melkiadi alijisogeza kitandani, akampa nafasi ya kukaa. Kisha akachukua bakuli lake la uji, akamwekea mkononi, akakaa akimtazama mpaka alipolimaliza.