Chumba cha Mtu Asiyekuwepo

Asubuhi ile mto wa kitandani ulikutwa umebonyea, kama umelaliwa. Mama Seti, mbunifu wa mandhari wa filamu ile ya kuungaunga, aliutazama, kisha akatazama picha aliyoipiga jana kabla ya kufunga mlango. Kwenye picha mto haukuwa na hata kunyanzi. Akaunyoosha. Tangu amzike mumewe, hakuna kilichomshtua.

Filamu ilihitaji chumba cha mwanamume aliyetoweka, na hela ya kukodi vitu haikuwepo. Basi akabeba vya marehemu: kitanda, mashati, viatu, hata wembe. Akajaza na droo ambazo kamera isingezifungua kamwe, maana yeye na kazi ya nusunusu ni mbali na mbali.

Baadaye viatu vikakutwa na tope bichi. Kisha ikaja harufu ya sabuni ya kunyolea.

"Chumba kinaishi," mwongozaji alisifu, ila alisifia mlangoni. Ndani alikuwa haingii tena.

Mdogo wake Mama Seti, aliyekuwa akiwaremba waigizaji, akamleta mganga mchana kweupe. Mganga alikuwa mama mnene mwenye haraka zake, lakini kizingiti hakukivuka.

"Huyu si mumeo, mwanangu," alinong'ona. "Ni jini. Umetandika, umepanga viatu, mwenyewe hayupo. Asiye na kwao kapita, kaona ndiyo pake. Uliyemkaribisha ni wewe, wa kumfukuza ni wewe. Ingia umwambie atoke. Usipomtoa leo hatoki tena, na wewe hutoki."

Mama Seti akaingia, na mlango ukajifunga taratibu nyuma yake, na ile harufu ya sabuni ikamjaa puani, na kitanda kikalia upande wa ukutani, alikolala marehemu, mlio uleule aliousikia miaka yote ya ndoa, na shuka ikawa inapanda na kushuka kwa pumzi za mtu asiyeonekana, na sauti ikamwita kwa jina la chumbani, ambalo marehemu peke yake ndiye aliyelijua.

Alijua si yeye. Kutengeneza vya uongo ndiyo kazi iliyomlisha. Lakini kwa mara ya kwanza tangu mazishi kitu kilimuuma kifuani, na maumivu yale aliyapenda.

"Dada, mwambie atoke," mdogo wake alilia nje. "Nakuomba. Mimi nimebaki na wewe tu."

Mama Seti alifunua shuka, akalala upande wake.

"Punguza sauti, mdogo wangu," alisema. "Shemeji yako amelala."