Mume Wangu Hayupo, Lakini Hajatoroka

"Likizo yako mpaka lini, mwanangu?"

Baba aliuliza kwa mazoea tu, huku anammiminia bwana harusi kahawa. Mimi nilikuwa chumba cha pili, nguo ya kijani mwilini, sikio nimelibandika mlangoni.

Bwana harusi akaanza kuisifu kahawa.

"Jaifar, nnakuuliza. Likizo mpaka lini?"

"Sina likizo, ami. Niliomba, wakaninyima. Nimeondoka Jumatatu."

Leo Alkhamisi, shekhe wa kutufungisha ndoa yuko njiani, na mchumba wangu, koplo mzima, amekimbia kambi kuja kunioa! Tena mbele ya huyo anayemwita ami kwa heshima ya mkwe, baba yangu mzee Marhoon, aliyekaa miaka thelathini akiandika kesi za mahakama ya jeshi. Mtu angeweza kuudanganya mtaa wetu mzima wa Azaiba, si yeye.

"Kwa nini hukuweka wakili wa ndoa?" baba aliuliza. "Kaka yako Maan huyu hapa angekupokelea ndoa, nawe ukabaki kambini kwako. Dini imeruhusu."

"Watu wangesema nimeoa kwa kutuma mtu, ami. Nilitaka unione mwenyewe."

Wanaume na sifa zao! Nilitamani nimzabe kofi, kisha nimkumbatie.

"Basi ndoa hapana. Simtoi mwanangu kwa mtu wa jela."

"Kama nimeshaharibu, basi sirudi tena huko! Ntauza dukani Ruwi kwa mjomba."

"Nyamaza! Neno hilo usilirudie," baba alifoka. "Skiza. Kukosekana kazini bila ruhusa ni kosa, lakini la mtu anayerudi. Utawekwa ndani siku kadhaa, utakatwa mshahara, utabaki askari. Kutoroka jeshi ni kuondoka na nia ya kutorudi, na hilo linamfunga mtu miaka. Nimeandika kesi za vijana wawili walioondoka siku moja. Mmoja aliadhibiwa akaendelea na kazi, mwenzake alifungwa. Hawakupishana siku, walipishana nia."

"Na nia yangu nani ataijua, ami?"

"Wataitazama miguu yako imeelekea wapi."

Sikungoja kuitwa. Nikafungua mlango nikatoka, shangazi Muhsina ananivuta nguo nyuma.

"Jaifar, ulipoondoka ulikusudia kurudi?"

"Jumamosi, Shatha. Wallahi."

"Basi rudi sasa hivi. Mimi wakili namkubali, watu waseme mpaka wachoke. Lakini ukilala hapa leo, sikutaki."

Nilimpenda mpaka kifua kiliniuma, na hapo namfukuza siku ya ndoa yangu.

Jaifar alimtazama baba. "Na wewe, ami?"

"Jirudishe mwenyewe, asije mtu kukukamata. Ukifika getini tupigie. Hapo ntakuoza."

Jaifar akamshika Maan mkono, akampa uwakili mbele ya mashahidi wawili, akaondoka hata halwa hajaonja. Kambi yake iko njia ya Nizwa, mwendo wa saa moja na nusu. Shekhe alifika, akaniuliza ridhaa yangu, nikaitikia haraka mpaka wanawake wakacheka. Kisha tukakaa tunaitazama simu. Ilipopita saa moja na nusu, baba akaanza kuzungusha tasbihi. Zikapita dakika kumi nyingine. Nikajiambia amekata kona kwenda Ruwi.

Simu ikalia. Baba akaiweka sauti ya nje.

"Ami, nipo getini. Gari zilisongamana njiani. Walinzi wanaitaka simu yangu."

"Waambie umekuja kwa hiari yako, na waiandike saa uliyofika. Usikate."

Akageuka, akaushika mkono wa Maan.

"Nimemuoza Jaifar binti yangu Shatha."

"Nimemkubalia ndugu yangu nikaha yake," Maan alijibu.

Vigelegele vikapasua nyumba. Nikaichukua simu mkononi mwa baba, machozi yananichuruzika.

"Umesikia?"

"Nimesikia. Shatha, wataniweka ndani."

"Najua. Mpe mlinzi simu, mume wangu, uingie."