Uliamka au Ulianguka?

Asubuhi hiyo, kama asubuhi zote, Chapuchapu alikuwa akipiga mswaki huku amevaa kiatu kimoja tu. Mama yake ndiye aliyempa jina hilo, kwani msichana huyo hakuwa na subira hata ya kungoja chai ipoe. Akajaza maji mdomoni asukutue. Loo! Maji yote yakamwagika upande wa kulia, yakalowesha sweta ya shule.

Akakimbilia kioo. Alipojaribu kucheka, upande wa kushoto wa uso ulicheka, wa kulia ukabaki umelala. Jicho la kulia nalo lilikataa kufumba.

"Mama! Mama njoo!" akaita kwa hofu.

Hawakungoja chai. Hospitalini, daktari alimmulika kwa tochi, akamwambia apandishe nyusi na aoneshe meno.

"Ilianza lini?" akauliza.

"Niliamka hivi."

Si uongo, Chapuchapu alijiambia. Kweli aliamka hivyo. Ila hakusema kwamba juzi alichukua baiskeli ya mjomba wake bila ruhusa, akateremka nayo kilimani mbio mbio, wakaishia wote wawili mtaroni. Kichwa kiligonga ukingo wa saruji, nyuma ya sikio. Aliifuta baiskeli vumbi, akairudisha mahali pake, akanyamaza. Tangu hapo sikio la kulia lilikuwa likivuma. Mjomba alikwisha kuapa kwamba atakayeigusa atakiona cha mtema kuni, na yeye hakutaka kukiona.

Foleni ilikuwa ndefu. Daktari akaandika harakaharaka, akawatuma dirisha la kumbukumbu.

Hapo aliketi karani mwenye jozi mbili za miwani, moja machoni, nyingine kichwani. Hospitali nzima ilimwita Bi Herufi. Kazi yake ilikuwa kusoma maelezo ya daktari na kuupa ugonjwa msimbo, yaani herufi na tarakimu ambazo daktari mwingine akiziona anajua mara moja mgonjwa ana nini.

Bi Herufi akasoma. Akabadilisha miwani, akasoma tena.

"Huyu daktari wetu ana mwandiko wa kuku aliyekanyaga wino! Neva ya uso, yaani mshipa wa fahamu unaouchezesha, haifanyi kazi upande wa kulia. Hapo nimeelewa. Lakini hapa ameandika 'ameamka' au 'ameanguka'?"

"Andika lolote tu, dada," mama akasihi. "Si uso ni uleule?"

"La, mama. Neva iliyolegea yenyewe, msimbo wake unaanza na G. Iliyoumizwa, unaanza na S. Wakiona S watataka kujua kama mfupa wa kichwa umepasuka. Wakiona G, huenda wakampa dawa mkaenda zenu. Mimi sibahatishi kichwa cha mtoto wa mtu."

Nyuma yao watu walianza kuguna. Bi Herufi hakujali. Akainama hadi macho yake yakawa sawa na ya Chapuchapu.

"Mwanangu, uliamka au ulianguka?"

Chapuchapu angesema neno moja tu, 'niliamka', yangeisha. Akamfikiria mjomba. Kisha akalifikiria jicho lake lililokataa kufumba, na sikio linalovuma. Akakaza moyo.

"Vyote viwili," akasema. "Nilianguka juzi. Nikaamka hivi leo."

"Ulianguka wapi?" mama akashtuka.

"Na baiskeli ya mjomba."

"Ya mjomba! Wewe mtoto utaniua!" Lakini mama alipozisogeza nywele nyuma ya sikio na kuona uvimbe uliovilia damu, hasira zilimwisha. Akamkumbatia huku analia.

Bi Herufi hakumtuma mtu. Alilibeba faili mwenyewe hadi kwa daktari, na kabla ya saa sita Chapuchapu alikuwa amepigwa picha ya kichwa. Kumbe mfupa ulikuwa na ufa mwembamba, karibu kabisa na njia ya ile neva! Akalazwa. Akapewa dawa, na matone ya kulinda jicho lisikauke.

Mjomba alipokuja kumtazama, Chapuchapu hakungoja kuulizwa. "Mjomba, ni mimi niliyeichukua baiskeli. Nisamehe."

"Nilijua kuna mtu," mjomba akajibu. "Tangu niinunue haijawahi kuwa safi vile." Akajaribu kukunja uso, akashindwa. "Ukipona, utaiosha kila Jumamosi kwa mwezi mzima."

Kupona hakukuja chapuchapu. Kila siku alifanya mazoezi mbele ya kioo: nyusi juu, mashavu puu! Siku nyingine alilia kwa kuchoka, akapangusa machozi, akaanza upya. Baada ya wiki saba, jicho lilifumba na uso ukacheka wote.

Siku ya kuruhusiwa kabisa, alikwenda dirishani kumshukuru Bi Herufi. "Lakini Bi Herufi," akauliza, "siku ile sikumdanganya daktari. Si kweli niliamka vile?"

"Ilikuwa kweli," Bi Herufi akasema, "ila uliikata katikati, ukatupa nusu. Uongo mzima huenda tungeushtukia. Nusu ya kweli ndiyo hatari, maana inafanana na kweli, na mtu mwema anaiandika bila wasiwasi. Daktari anasoma mwili wako, mimi nasoma daktari alichoandika. Lakini wa kwanza kuandika ni wewe, mwanangu, kwa mdomo wako. Andika yote."