Tonge la Tatu

Nzembi alikuwa mlangoni na ungo wa maharagwe mapajani, akitupa vijiwe upande huu na mbegu zilizotobolewa upande ule, wakati binti yake Everlyne alipotoka ndani na kusimama nyuma yake.

"Unanizibia mwanga."

"Mama, Mutuku hataki kuamka."

"Mwache alale. Kwani kuna shule?"

"Si usingizi." Msichana alishusha sauti. "Ameanguka kwa gemu. Halafu akaanguka hapa."

Nzembi aliweka ungo chini, akaingia.

Mutuku, mwenye miaka saba, alikuwa amelala kwenye kochi, macho nusu wazi, mwili baridi kama sufuria ya asubuhi. Chumbani mlikuwa na harufu ya nywele zilizochomwa. Wiki mbili tangu kura, mtaa mzima wa Soweto West ulinuka matairi na gesi ya polisi, kwa hiyo Nzembi alijua vizuri kwamba hii haikuwa hiyo.

Kwenye televisheni gemu ilikuwa ikiendelea. Mumewe Munyao ndiye aliyeileta ile mashine ya gemu. Aliwapa paketi mbili za unga vijana waliokuwa wakipita na vitu vya watu mabegani, wakamwachia. Walikosana siku mbili kwa ajili ya ule unga, lakini watoto wakaacha kutoka nje, na nje kulikuwa na risasi, basi Nzembi akaikubali. Ilikuwa gemu ya kukusanya wanyama wa ajabu, kuwapa majina na kuwapiganisha. Timu ilikuwa na nafasi tano. Everlyne aliwapa wanyama wake majina ya nyumbani, Munyao, Nzembi, Everlyne, Mutuku, na ya tano ikabaki tupu. Wanne hao waliwashinda wote mpaka wakamfikia bosi wa mwisho. Watoto walimwita Mgongo, kwa sababu aliketi kitini akiwa amewapa mgongo na hakugeuka hata apigwe vipi.

Sasa alikuwa amegeuka nusu. Mapajani mwake alilala mnyama mdogo mwenye masikio ya mbuzi, na juu ya huyo mnyama paliandikwa MUTUKU. Mstari wake mwekundu, ule watoto waliouita damu, ulikuwa umebaki urefu wa kidole na ukipungua.

Nzembi alinyoosha mkono kuchomoa waya. Waya ulikuwa sakafuni. Halafu akakumbuka kwamba stima ya sambaza, ile ya kuunganishiwa kwa wizi, ilikatwa tangu Jumapili.

"Imewaka hivi tangu lini?"

"Jana. Niliifunika kwa leso, niliogopa kusema."

Munyao aliingia, akaona. Alichukua nyundo yake ya kazi akaigonga mashine kwenye pembe, mara moja. Mutuku alipiga ukelele mdomo ukiwa umefungwa, na kwenye paji lake la uso pakavimba uvimbe wa ukubwa wa limau. Munyao aliitua nyundo polepole.

Hapo ndipo Nelima alipoingia kuuliza kama maharagwe yamekwisha kuchambuliwa. Alikuwa mpangaji wa chumba cha pili, mama asiye na mtoto, fundi wa cherehani. Mabati tu yaliwatenganisha. Tangu maduka yafungwe walichanga unga na kupika sufuria moja. Aliangalia mtoto, akaangalia mashine, akainama kugusa alama ya moto ubavuni mwake.

"Hii ni ya kaka yangu Shivachi," alisema. "Sigara ya mteja iliichoma hapa. Kibanda chake cha gemu kilivunjwa Kawangware. Mama Eve, chukua leso twende. Kama kuna mtu anajua hii kitu, ni yeye."

Walitembea. Karibu na mtaa wa Raila, vijana walikuwa wameweka mawe na kitanda cha chuma katikati ya njia. Mmoja alikuwa na panga lililofungwa kamba mkononi lisimponyoke.

"Mathe, kitambulisho."

Cha Nzembi kilikuwa kifuani, na jina la kabila lake halikuwa la kuonyeshwa pale.

"Vitambulisho viliungua," Nelima alisema. "Huyu ni mke mwenza wangu."

"Anaitwa nani?"

"Nelima."

"Na wewe?"

"Nelima. Mzee wetu hakutaka kusumbua kichwa."

Vijana walicheka, hata yule wa panga. "Pitieni, wakina Nelima."

Hatua mia moja mbele, Nzembi alitaka kusema asante, akajifunga leso upya badala yake.

Shivachi alikuwa akipigilia mbao mahali palipokuwa mlango wa kibanda. Nelima alimpa pole ya mkewe Lenah, aliyekufa Desemba kwa ugonjwa ambao hospitali haikuujua, kisha akaingia nyumbani kwake nyuma ya kibanda kuona watoto. Nzembi alibaki na yule mwanamume. Alimweleza kwa maneno machache, jinsi anavyomweleza daktari wa kliniki watu wakiwa wengi kwenye foleni.

Shivachi alitoa misumari mdomoni.

"Wamefikia wapi?"

"Mtoto yuko mapajani mwake."

"Hilo ni jini, mama. Liliingia kwa ile gemu kabla sijainunua. Walipokuja kuvunja kibanda, vingine vyote nilikuwa nimeficha. Hiyo niliiacha mezani, na mlango niliwafungulia mwenyewe."

"Linashindwa vipi?"

"Sikiliza vizuri, kwa sababu watu hukosea hapa. Mgongoni hapigiki. Ukipiga unajimaliza. Anageuka akila tu, na akiletewa kingine anakiacha cha kwanza. Kwa hiyo unaweka mwingine mbele. Tonge la kwanza, usipige. La pili, usipige, panga hao wengine nyuma na uwaongeze nguvu. La tatu anafungua mdomo wote, macho yako ndani ya mdomo. Hapo piga na wote kwa pamoja. Ukipiga mapema anarukia wa nyuma. Ukichelewa akamaliza sahani, anainuka mezani."

"Anainuka anaenda wapi?"

"Mimi sikuchelewa."

"Na huyo wa mbele?"

"Anabaki na robo ya damu. Anaweza kupona." Alitazama nyundo yake. "Anaweza kukosa."

Nzembi alifikiri juu ya Lenah, kisha akafikiri juu ya nyumba yake. Munyao ndiye mwenye mikono ya kazi. Everlyne ndiye anayejua kucheza. Yeye mwenyewe akianguka, nani atapika, nani atasimama foleni ya maji. Aliwahesabu kama mtu anayepanga nguo za kufua, bila chuki.

"Akiwa jirani?"

"Jina tu halitoshi. Lazima awe amekula kwa sufuria yenu."

"Amekula."

Ndani ya nyumba Nelima alisikika akicheka na watoto wa kaka yake. Shivachi alirudisha misumari mdomoni, akasema kupitia kati yake, "Sijakuuliza ni nani. Usiniambie."

Walirudi jua likiwa juu ya paa za mtaa wa Gatwekera. Nelima alisema ameshikwa na kichwa kwa lile jua, ataegesha mbavu kidogo, wamwite ugali ukiiva. Nzembi alifunga mlango wake kwa komeo, akabandika maji jikoni kwa sababu maji yangechemka wakati mambo mengine yakifanyika, akaketi kando ya binti yake na kumweleza masharti ya Shivachi.

"Nafasi ya tano. Andika Nelima."

Everlyne alimtazama.

"Nelima gani?"

"Andika."

"Mama, jana amenishonea sketi."

"Ndugu yako ana damu kiasi gani?"

Everlyne aliandika. Munyao aligeukia ukuta. Mnyama mpya alitokea, mkubwa, mwenye macho ya upole, akasogea mbele peke yake, na Mgongo akamwachilia yule mwenye masikio ya mbuzi akaanguka kando, na kiti kikageuka.

Tonge la kwanza lilichukuliwa polepole. Upande wa pili wa mabati kitu kilianguka, kama mkasi, halafu Nelima akakohoa na kusema kwa sauti ya kawaida, "Mama Eve, una maji ya kunywa hapo?" Kwenye kochi kidole cha Mutuku kilitikisika, na kiooni mstari wake mwekundu ukapanda kidogo.

"Usipige," Nzembi alinong'ona.

Tonge la pili lilipochukuliwa harufu ya nywele ilijaa chumba, ikaingia kwenye maji yaliyokuwa yakichemka na kwenye nguo na kwenye meno, na mabati yakaanza kulia, si kugongwa bali kukwaruzwa, kutoka chini kwenda juu, kucha kumi, na sauti ya Nelima ikaita jina la Nzembi lenyewe, lile ambalo asubuhi alilificha kwa ajili yake, akiliita polepole na kwa adabu kama mtu asiyetaka kusumbua.

"Mama, nimepanga wa nyuma. Wako tayari."

"Usipige."

Na la tatu likaja, mdomo ukafunguka kioo kizima, na ndani yake, kama alivyosema Shivachi, mlikuwa na macho mawili yaliyokuwa yakiangalia si wanyama wa gemu bali chumba, kochi, sufuria, wao, na Everlyne akaweka kidole gumba juu ya padi ya gemu, lakini Nzembi wakati huo alikuwa akiangalia mstari wa Mutuku, uliokuwa umepanda mpaka nusu na bado ukipanda, na kifua cha mtoto kilichokuwa kikiinuka na kushuka vizuri kwa mara ya kwanza tangu asubuhi, na akafikiri kwamba nusu ni mtoto mgonjwa maisha yote, nusu ni dawa kila mwezi na mtoto asiyekimbia, na kwamba kidogo tu zaidi na angekuwa mzima kabisa, basi akaushika mkono wa binti yake kwa mikono miwili.

"Sasa, Mama. Shivachi alisema sasa."

"Ngoja kidogo."

"Mama, anamaliza."

"Ngoja damu ijae."

Ilijaa. Kucha ziliacha mabati. Everlyne aliuchomoa mkono wake na kupiga, wanyama wote wanne wakaruka kwa pamoja, wakapita juu ya kiti na kutua upande wa pili, kwa sababu kiti kilikuwa kitupu.

Televisheni ilizimika.

Mutuku aliketi kwenye kochi, akagusa uvimbe wake, akasema ana njaa.

Nzembi hakulia. Maji yalikuwa tayari na unga ulikuwepo. Alisonga ugali, akapakua maharagwe ambayo Munyao aliyapika walipokuwa wameenda Kawangware. Alikuwa anakata ugali wakati komeo, ambalo alilifunga kwa mkono wake, lilipofunguka bila kelele, akaingia Nelima. Nguo zake zilikuwa zimenyooka. Kucha zake hazikuwepo, na vidole havikutoka damu.

"Hamkuniita," alisema.

"Tulidhani umelala," Nzembi alijibu.

"Niko na njaa, Mama Eve."

Alipita kati yao na ile harufu yake, akavuta kigoda katikati ya chumba, akaketi akiwa amewapa mgongo wote. Everlyne alisogea karibu na baba yake. Munyao alitafuta nyundo kwa macho na hakuinuka. Mutuku, ambaye hakujua lolote, alisogea na sahani yake akaketi nyuma ya Nelima kabisa, mahali alipozoea kukaa.

"Mmeandaa?" Nelima aliuliza, akiutazama ukuta. "Hesabu kwanza, asikosekane mtu."

Mkono wa Nzembi ulishika mwiko. Alihesabu kwa sauti, kwa sababu hakujua kingetokea nini asipohesabu. Munyao. Everlyne. Mutuku. Yeye mwenyewe. Nelima.

"Watano," alisema. "Wote wapo."

Na ule mgongo ukaanza kugeuka.