Homa Iliyomfuata Marlys

Wodi yetu ya watoto wachanga pale Duluth, Marekani, ilikuwa na kitanda cha pembeni ambacho kila muuguzi alikiogopa. Mtoto akilazwa pale, homa inampanda. Nje theluji ilianguka kutwa, na ndani tukaanza kunong'onezana kwamba kitanda kina mzimu. Watu wazima na vyeti vyetu!

Mtoto mmoja alipofariki, muuguzi mwenzangu Marlys alifungua dirisha kidogo ili roho itoke, kama tulivyozoea wauguzi wa kwetu. Kitanda tukakiondoa. Homa ikabaki. Safari hii ilimpata Soren, mtoto wa mama mmoja aitwaye Britta, upande mwingine kabisa wa wodi.

Marlys ndiye aliyekuwa akimhudumia, kama alivyowahudumia wale wa kitanda cha pembeni. Alikuwa hodari, na alinawa mikono kuliko sisi sote. Siku moja alinivuta kando, uso umempauka. Alisema kila anapokuwa likizo, hakuna mtoto anayeugua.

"Shoga, hicho kitu kinanifuata mimi," akasema.

Nikamwogopa, kusema kweli.

Tukamwita Verna, mtaalamu wa kuzuia maambukizi. Verna hana habari na mizimu. Alimtazama Marlys vidoleni.

"Hizo kucha umezibandika lini?"

"Kwenye harusi ya binti yangu. Alinibandika mwenyewe. Lakini nanawa, Verna, mpaka ngozi inachubuka."

"Unanawa juu. Vijidudu vinajificha chini ya kucha, sabuni haifiki. Ndiyo maana tunakataza kucha za bandia, kucha ndefu, pete, na nguo za mikono mirefu. Hatuchukii urembo, mama."

Akapitisha pamba chini ya kucha, akaipeleka maabara. Majibu yakarudi: ni vijidudu vile vile vilivyokuwa kwenye damu ya Soren.

Marlys alizibandua kucha zote siku ile ile, huku akilia. Na sisi tukavua pete, tukakata kucha, tukavaa nguo zinazoishia juu ya viwiko. Maabara ilikuwa imeshaonyesha dawa inayoviua vijidudu hivyo; Soren akapewa, na homa ikashuka. Tangu hapo homa ile hatujaiona tena.

Siku ya kwenda nyumbani, Britta alimshika Marlys mikono yote miwili.

"Mikono hii ndiyo iliyomponya mwanangu," alisema.

Marlys akamweleza ukweli wote, bila kujitetea. Britta akaiachia ile mikono. Alizitazama zile kucha fupi, moja baada ya nyingine. Kisha akamweka Soren mikononi mwa Marlys.

"Nishikie," alisema, "nivae koti."