Mwizi Aliyefunika Kisima

Pampu ya kisima ilikuwa imeibwa. Zilibaki boliti zilizofunguliwa kwa spana, na mabaka ya oili juu ya saruji.

Inspekta Mbarouk alichutama, akatazama bila kugusa. Bila kisima hiki hapakuwa na kijiji, na kijiji chenyewe kilikuwa kimebaki nyumba tano tu katika uwanda wa nyasi kavu, mbali na barabara kuu ya Riyadh na Jeddah. Nyingine zilikuwa zimekwisha kuhamwa. Mchanga ulikuwa umefika madirishani.

Mtuhumiwa alikuwa mahabusu: Nahashon, dereva Mkenya aliyeleta majani ya mifugo kutoka Al-Sulay, mjini Riyadh. Alama za magurudumu ya lori lake zilipita karibu na kisima. Asubuhi ile Mbarouk, mzaliwa wa Jeddah wa ukoo wa Kizanzibari, alikuwa amemhoji kwa Kiswahili.

"Ulifika kisimani?"

"Kunawa tu, bosi. Nikateremsha majani kwa Mzee Dhaifallah, akanipa kahawa, nikaenda."

"Na pampu?"

"Ile takataka? Ningekuwa mwizi, si ningebeba kondoo?" Nahashon alijaribu kucheka, akashindwa. "Kafili aliyeniajiri amesema nisipotoka leo anafuta ikama, kibali changu cha kuishi hapa, narudishwa nyumbani. Wewe unaongea lugha yetu. Nisaidie."

"Lugha si ushahidi, bwana. Nipe muda."

Sasa, pale kisimani, Mbarouk aliona jambo. Mdomo wa kisima ulikuwa umefunikwa kwa bati, na jiwe zito juu yake. Birika la kunyweshea mifugo lilijaa pomoni.

Mwizi wa vyuma chakavu hana subira hiyo. Ni wafugaji wa uwandani wasioweza kukipa kisima kisogo kabla ya kunywesha na kufunika. Hufundishwa hayo tangu utotoni, na mkono huyafanya wenyewe.

Mwizi alikuwa wa hapahapa.

Aliwakusanya wakazi. "Nimezungumza na ofisi ya maji," aliwaambia kwa Kiarabu. "Pampu mpya italetwa kesho."

"Alhamdulillahi!" walijibu.

Mmoja hakujibu. Mzee Dhaifallah alishika ndevu zake. "Kesho? Mbona haraka hivyo?"

Mbarouk alimwacha kila mtu aende zake, kisha akamfuata mzee hadi zizini.

"Ami, iko wapi?"

"Nini?"

"Usinilazimishe kupekua mbele ya majirani."

Mzee alionyesha kwa kidevu rundo la majani aliyoleta Nahashon. Mbarouk aliyafukua. Pampu ilikuwa chini yake, imeviringishwa blanketi.

"Kwa nini?"

"Mke wangu yuko Jeddah, kwa binti yetu Wafaa. Figo zimekufa, anasafishwa damu. Kila nikipiga simu ananiuliza nakwenda lini."

"Si uende?"

"Baba alipokuwa anakata roho nilimwapia: sitahama maadamu kisima hiki kinatupa maji. Ndugu zangu hawakuapa, wakaondoka mmoja mmoja. Mimi nimebaki nikiomba kikauke." Aligeukia upande wa kisima. "Hakikauki, mwanangu."

"Ukaona ukikaushe mwenyewe."

"Nilisema, pampu ikiondoka, maji yamekatika. Nitakuwa huru."

Mzee alikaa juu ya majani, na Mbarouk akakaa karibu naye. Hakuharakisha.

"Ukajaza birika."

"Kondoo wana kosa gani?"

"Ukafunika kisima."

"Mpita njia angetumbukia."

"Na yule dereva?"

Mzee alitazama mikono yake kana kwamba si yake.

"Nilisikia amekamatwa. Nikasema, hawa huja na kuondoka." Aliinamisha kichwa. "Kondoo niliwafikiria. Yeye sikumfikiria."

"Ana mpaka leo tu, Ami. Baada ya leo anafukuzwa nchini."

Mzee alisimama, akapangusa majani kwenye kanzu.

"Basi twende. Nitamwambia mwenyewe."

Mbarouk hakumfunga pingu. Alimfungulia mlango wa gari, kisha akampigia simu kafili wa Nahashon kabla ya kuwasha injini.