Mkanda wa Kutoka Kerala

Mikono miwili ilidaka mkanda mmoja wa video katika duka la Wahindi mjini Irving, ughaibuni huko, Jumamosi moja ya mwaka 1999, wateja wamebanana mpaka kwenye magunia ya mchele.

"Bibie, nimeuona mwanzo," alisema Mansour, dereva wa lori kutoka Mombasa, shati jeupe limenyooka kwa pasi.

Nuha, Mzanzibari mwenye sare ya uuguzi na mtandio wa waridi, hakuachia. "Kimalayalam cha mkanda huu unakijua?"

"Hata neno. Wewe?"

"Manesi wenzangu wa Kerala wananifundisha. Sinema zao hazina jitu la kupiga watu ishirini. Utaona minazi, mvua, mama na nyumba yake, mume yuko Uarabuni. Kama kwetu!"

Mansour akauachia mkanda, akaomba namba ya simu. Moyo ulishakwenda.

Wakawa wanapigiana kila jioni. Mwezi wa tatu wa kujuana, Nuha akamwalika kwao Lewisville, anakoishi na mama yake. Mansour alifika na habari: amepata kazi nzuri Houston, mji wa mbali.

"Nisubiri miaka miwili tu, mpenzi, halafu tuoane."

Nuha akawasha video ya mkanda uleule wa dukani. Kwenye filamu, baba alirudi kutoka Dubai na masanduku. Mwanawe asimjue, akakimbilia uvunguni. Mansour akacheka mpaka machozi.

Nuha akazima. "Nenda zako."

Wiki tatu hakupokea simu. Mansour, kachanganyikiwa, akaenda kuukodi mkanda uleule, akamwuliza mwenye duka, mama wa Kerala, kinachomuumiza mtu humo ni nini.

"Mume wangu alikaa Dubai miaka tisa," alisema yule mama. "Mtaani kwetu karibu kila nyumba ilikuwa hivyo. Wametutia humo vilevile tulivyo."

Hapo Mansour akakumbuka Nuha alivyomwambia simuni kuwa baba yake alifanya kazi Maskati tangu yeye mchanga. Akaona aibu, akawasha gari kwenda Lewisville.

"Nilicheka maisha yako," alisema mlangoni. "Nisamehe."

"Nilikuwa na miaka sita baba aliporudi. Nilimwuliza mama, huyu mgeni ataondoka lini? Mimi kusubiri mtu siwezi tena, Mansour."

"Usinisubiri. Tuoane mwezi huu, twende Houston pamoja. Na mama, akikubali."

"Nisipoipenda Houston?"

"Nita-resign kazi, turudi."

"Mimi na mama?"

"Sote."

Nuha akalia, akacheka, akamshika mkono. "Njoo umwambie mama kabla hajaenda kazini. Na useme hivyohivyo, sote."